Programu ya kupakulia inakatika katikati ya faili kubwa: namba 403, 416 na faili la kilobaiti 148

MhaririWaKanda | Jumatano, saa 1:40 asubuhi

Habari za asubuhi, wanajukwaa.

Nina studio ndogo ya kuhariri video hapa Mwanza, na wiki hii nzima nimeshindwa kumaliza kupakua kazi moja ambayo wenyewe wananisubiri. Mpiga picha mwenzangu aliyeko Dodoma alirekodi harusi, akazikusanya video zote katika faili la RAR (mkoba mmoja unaobeba mafaili mengi) lililokatwa vipande 14, kila kipande kikiwa na baiti 2,000,000,000 kamili isipokuwa cha mwisho, kisha akavipakia katika tovuti mojawapo ya kuhifadhi mafaili, ambayo sitaitaja jina kwa kuwa sijui kosa ni lao au ni langu. Jumla inakaribia gigabaiti 28. Ninatumia akaunti ya bure, na intaneti yangu ni ya rauta ya laini ya simu.

Programu yangu ya kupakulia ina uwezo wa kuligawa faili moja katika mikondo mingi inayoshuka kwa wakati mmoja. Mwanzoni niliiweka kwenye mikondo 8, baadaye nikaipandisha hadi 16 nikitumaini itaenda kasi zaidi. Vipande viwili vya kwanza viliingia bila shida. Cha tatu kilifika asilimia 61 kikasimama, na maandishi mekundu yakatokea kwamba muunganisho umeshindikana. Nikibonyeza kuendelea, programu inajaribu mara tano kisha inaleta namba 403. Jana usiku, kwenye kipande hichohicho, ilileta 416, namba ambayo sijawahi kuiona. Cha ajabu zaidi ni kipande cha saba, ambacho kilidai kimekamilika ndani ya sekunde tatu, lakini ukubwa wake ni kilobaiti 148 tu, na WinRAR inakataa kukifungua.

Nimeshazima programu ya kuzuia virusi, nimebadilisha DNS (huduma inayotafuta anwani za tovuti) kuwa 8.8.8.8, nimewasha upya rauta kila inapokatika, na kipande cha tatu nimekifuta na kukianza upya mara mbili. Kila nilipokifuta nilipoteza zaidi ya gigabaiti moja ya bando. Babu yake bibi harusi anarudi Ukerewe Jumapili, na familia inatamani aione hotuba yake kabla hajapanda meli. Naomba msaada wa mwenye ufahamu.

---

BiSeva | Jumatano, saa 2:25 asubuhi

Ndugu MhaririWaKanda, pole kwa kazi. Ombi langu la kwanza ni kwamba usifute kipande chochote kilichoishia njiani, wala usibadilishe mpangilio mwingine hadi tujue seva, yaani kompyuta ya tovuti, inakujibu nini. Maneno "muunganisho umeshindikana" ni jina moja ambalo programu hizi huyapa magonjwa mengi yasiyo na undugu. Laini ikikatika utaambiwa hivyo, seva ikikukatalia kwa makusudi utaambiwa hivyohivyo. Namba ndizo zinazosema kweli, na wewe umeshatupa mbili, jambo ambalo wengi hawalifanyi.

Namba 403 maana yake ni kwamba umefika mlangoni, seva imekusikia, na imekataa kukuhudumia. Kwa hiyo intaneti yako wakati ule ilikuwa nzima, DNS ilikuwa nzima, na kuwasha upya rauta kusingesaidia. Huenda kuliharibu zaidi, na nitaeleza sababu ukinijibu maswali yangu mawili.

Swali la kwanza: lile faili la kilobaiti 148 lifungue kwa Notepad, si kwa WinRAR, utuambie mstari wa kwanza unasemaje. Faili la RAR likifunguliwa kwa Notepad huanza na herufi Rar zikifuatiwa na alama za ovyo. Likianza na kitu kingine, tumeshapata nusu ya jibu.

Swali la pili: viungo vya kupakulia unavipata vipi, na kati ya kuvipata na kuanza kuvipakua panapita muda gani?

---

MhaririWaKanda | Jumatano, saa 3:10 asubuhi

Asante sana, Bi Seva. Nimelifungua kama ulivyoelekeza. Mstari wa kwanza umeandikwa <!DOCTYPE html>, na chini kabisa, katikati ya maandishi mengi, kuna sentensi ya Kiingereza inayosema kwamba kiungo kimekwisha muda wake na kwamba nirudi kwenye ukurasa wa faili.

Kuhusu viungo, ninafanya hivi. Saa mbili usiku nafungua ukurasa wa kila kipande kwenye kivinjari, nasubiri sekunde zinazohesabiwa, nabonyeza kitufe, kisha nanakili anwani inayotokea na kuibandika kwenye programu, kimoja baada ya kingine hadi vyote vimeingia kwenye foleni. Baada ya hapo nasubiri bando la usiku lianze saa sita. Saa sita ikifika nazima rauta na kuiwasha ili bando lishike vizuri, nabonyeza kuanza, nakwenda kulala.

---

BiSeva | Jumatano, saa 5:05 asubuhi

Basi tumefika kwenye chanzo, na nitakieleza kwa urefu kidogo kwa sababu utaratibu wako ni wa busara kwa mtu anayetunza bando, ila unagongana na namna tovuti hizi zinavyofanya kazi.

Anwani unayoinakili baada ya kubonyeza kitufe si anwani ya kudumu ya faili. Ukurasa wa faili ndio wa kudumu. Anwani ya kupakulia hutengenezwa papo hapo kwa ajili yako, na ukiitazama vizuri utaona mkia mrefu wa herufi na tarakimu zisizosomeka. Ndani ya mkia huo seva imeweka saini inayobeba saa ya kuisha na, katika tovuti nyingi, anwani ya IP (namba inayotambulisha muunganisho mtandaoni) ya aliyeiomba. Ni kama tiketi ya basi iliyoandikwa jina na saa ya kuondoka. Wewe umekata tiketi kumi na nne saa mbili usiku, ukaanza kuzitumia saa sita, na katikati ukazima rauta. Rauta ya laini ya simu ikizimwa na kuwashwa mara nyingi hupewa anwani mpya ya IP, kwa hiyo hata tiketi ambayo saa yake haijapita inakuwa na jina la mtu mwingine.

Sasa utauliza kwa nini vipande viwili vya kwanza viliingia, na kwa nini cha tatu kilifika asilimia 61 badala ya kukataliwa tangu mwanzo. Tovuti nyingi huikagua saini pale ombi linapoingia tu. Ombi likishakubaliwa, data hutiririka hata kama saa ya kuisha itapita njiani. Vipande vya mwanzo, inaelekea, vilikubaliwa kabla muda haujaisha. Kipande cha tatu nacho kilikubaliwa, kikashuka, halafu laini ikayumba kwa sekunde chache, kama laini za simu zinavyoyumba kila siku. Programu ikafanya kazi yake, yaani ikaomba kuendelea pale ilipoishia. Lakini kwa seva hilo ni ombi jipya, linakaguliwa upya, na saini ilishaisha. Ndipo 403.

Hapo ndipo mikondo 16 ilipokuumiza. Ukigawa faili katika mikondo 16, umepeleka maombi 16 badala ya moja, na mkondo mmoja ukimaliza sehemu yake programu huigawa tena sehemu iliyobaki ya mwenzake na kupeleka ombi jingine. Kwa hiyo hata laini isipoyumba kabisa, maombi mapya yanaendelea kupelekwa hadi mwisho wa faili, na kila moja linakaguliwa. Isitoshe, akaunti za bure kwa kawaida huruhusiwa mkondo mmoja au michache sana. Ukizidisha, seva hujibu kwa 429, yaani maombi yamezidi, au 503, au hukata tu bila neno. Mwenye mkondo mmoja unaotembea polepole atafika kabla ya mwenye kumi na sita inayokataliwa.

Namba 416 nayo inafafanulika vizuri. Programu ikitaka kuendelea humwambia seva: nipe faili kuanzia baiti fulani. Tuseme ulikuwa umefika baiti ya 1,223,098,368, ambayo ni asilimia 61 ya kipande chako. Safari hii seva haikukuletea 403, ilikuelekeza kwenye ukurasa uleule wa maelezo ulioupata katika kipande cha saba, ambao una baiti laki moja na nusu tu. Ombi la kuanzia baiti ya bilioni moja na ushee katika ukurasa wa baiti laki moja na nusu haliwezi kutimizwa, na namba ya jibu hilo ndiyo 416. Faili lako halikuharibika. Uliomba mahali ambapo halikuwapo.

Tiba yake ni kuwa usikusanye viungo mapema. Anza na kipande kimoja, ukiwa tayari umeshawasha rauta na bando limeshashika, fungua ukurasa wa faili, chukua kiungo kipya, na anza wakati huohuo kwa mkondo mmoja. Kikikatika, usibonyeze kuendelea kwa kiungo kilekile. Rudi kwenye ukurasa, chukua kiungo kipya, kisha badilisha anwani ndani ya pakuzi lilelile, yaani kazi ileile ya kupakua iliyo kwenye orodha ya programu. Programu nyingi zina sehemu ya kufanya hivyo kwenye sifa za pakuzi. Tafuta maneno yanayohusu kubadilisha au kusasisha anwani ya kupakulia. Baada ya hapo bonyeza kuendelea, nayo itaanza palepale kwenye asilimia 61.

Kama programu yako ina kiongezeo cha kivinjari, kitumie badala ya kunakili kwa mkono. Kiongezeo hupeleka pamoja na anwani vidakuzi vya kivinjari (kumbukumbu ndogo zinazokutambulisha kwa tovuti) na jina la kivinjari, na tovuti nyingine huvidai vyote kabla ya kukubali.

---

NyandaZaJuu | Jumatano, saa 6:30 mchana

Dada BiSeva ameshamaliza sehemu kubwa. Mimi naongeza mambo mawili ambayo yalinisumbua kwa muda mrefu huku Iringa, yote yanahusu anwani ya IP.

La kwanza ni kwamba kwenye laini ya simu anwani unayoonekana nayo nje si yako peke yako. Kampuni za simu hazina anwani za IPv4 (mtindo wa zamani wa anwani za IP) za kumtosha kila mteja, kwa hiyo huwaweka wateja wengi nyuma ya anwani moja. Ingia kwenye ukurasa wa rauta yako utazame anwani iliyopewa upande wa mtandao. Ikiwa iko kati ya 100.64.0.0 na 100.127.255.255, uko kwenye kundi hilo, kwani safu hiyo ilitengwa rasmi mwaka 2012 kwa kazi hiyo. (Ikianza na 10 mara nyingi ni vilevile.) Matokeo yake ni kwamba tovuti ikisema anwani yako tayari inapakua faili jingine, au umemaliza kiwango chako cha leo, huenda wanasema kweli kuhusu jirani yako ambaye humjui. Hakuna mpangilio wa programu unaoliponya hilo. Subiri nusu saa, au jaribu laini nyingine.

La pili ni mgongano wa IPv4 na IPv6, ule mtindo mpya wa anwani. Ikiwa laini yako inatoa zote mbili, kivinjari kinaweza kuomba kiungo kwa IPv6 na programu ikaenda kukitumia kwa IPv4. Mbele ya seva hao ni watu wawili, na saini inakataliwa mara moja, hata kama umekichukua kiungo sekunde kumi zilizopita. Dalili yake ndiyo hiyo: 403 tangu baiti ya kwanza, kila mara, ilhali kivinjari chenyewe kikiachwa kipakue kinapakua. Ukiiona dalili hiyo, zima IPv6 kwenye kadi ya mtandao ya kompyuta kwa muda wa kazi, ili vyote viwili vipite njia moja.

Kwa atakayependa kuona jibu la seva kwa macho yake bila kuungua bando, Windows 10 tangu toleo la 1803 inakuja na programu ya curl. Fungua dirisha la amri, lile la kawaida lenye herufi nyeupe na si PowerShell, uandike:

curl -s -D - -o NUL -r 0-99 "kiungo chako hapa"

Amri hiyo inaomba baiti 100 za mwanzo tu na kukuonyesha vichwa vya jibu, yaani mistari ya maelezo inayolitangulia faili. Alama za kunukuu zisisahaulike, kwa sababu viungo hivi vimejaa alama ya &, na dirisha la amri likiiona bila kunukuliwa hukikata kiungo hapohapo, nawe utapewa 403 usiyostahili. Jibu likiwa 206, seva inakubali kutoa faili kwa sehemu, na utaweza kuendelea ulipoishia. Likiwa 200, seva haijali ombi la sehemu, na kila kukatika kutakurudisha mwanzo. Hapo ni bora ukate amri kwa Ctrl na C kabla haijaanza kushusha faili lote. Tazama pia mstari wa Content-Type. Ukisema text/html, hilo si faili, ni ukurasa.

---

Pwani_Kuu | Jumatano, saa 9:15 alasiri

Mimi ningeshauri utumie VPN tu (programu inayopitisha mtandao wako kwenye seva nyingine), ndugu yangu. Anwani inakuwa moja usiku kucha, hata rauta ikizimwa.

---

BiSeva | Jumatano, saa 9:50 alasiri

Ndugu Pwani_Kuu, wazo lako lina mantiki kuhusu anwani kutobadilika, lakini kwa kazi hii silipendekezi. Anwani za VPN, hasa za bure, hutumiwa na maelfu ya watu kwa pamoja, na tovuti za kuhifadhi mafaili huzitambua na kuzifungia au kuzipa kiwango kidogo kuliko cha laini ya kawaida. Ataondoka kwenye foleni ya jirani mmoja aingie kwenye foleni ya wageni elfu. Vilevile, kwa sisi wa Tanzania, mnamo Oktoba 2023 mamlaka ya mawasiliano, TCRA, ilitoa tangazo la kuwataka wanaotumia VPN watoe taarifa zao, kwa hiyo si jambo la kumwambia mwenye studio alisakinishe usiku mmoja kwa ajili ya video ya harusi. Tatizo lake linatibika bila hiyo.

---

KompyutaYaShule | Jumatano, saa 11:20 jioni

Naomba kuchangia kidogo kwa faida ya watakaosoma baadaye, kwa sababu nilipata ujumbe unaofanana na huu kwa sababu tofauti kabisa. Kwenye maabara ya shule tuna kompyuta za zamani zenye Windows 7. Kivinjari cha Firefox kilifungua tovuti zote, lakini programu ya kupakulia ilishindwa kuunganisha tangu mwanzo, bila kutaja 403 wala namba yoyote.

Kompyuta moja ilikuwa na betri ya ubao mama iliyokufa, ile ya duara ya CR2032, na kila ikizimwa ilirudisha tarehe miaka mingi nyuma. Cheti cha usalama cha tovuti kina tarehe ya kuanza na ya kuisha, na kwa kompyuta inayoishi mwaka 2009 kila cheti cha leo bado hakijazaliwa. Tulibadilisha betri, tukarekebisha saa, ikapona.

Nyingine zilikuwa na saa sahihi. Firefox hubeba ndani yake namna zake za kusimba mawasiliano na orodha yake ya vyeti vinavyoaminiwa, lakini programu yetu ya kupakulia ilitegemea zile za Windows yenyewe, ambazo zilikuwa hazijasasishwa kwa miaka. Matoleo ya 1.0 na 1.1 ya TLS, ule utaratibu wa kusimba mawasiliano, yaliondolewa rasmi kwenye viwango Machi 2021, na tarehe 30 Septemba mwaka huohuo kiliisha muda cheti kimoja cha zamani cha mizizi (kile kinachothibitisha vyeti vingine) ambacho tovuti nyingi mno zilikitegemea. Kwa hiyo kama kivinjari kinafungua na programu haifungui, na namba hakuna, angalieni saa na masasisho kabla ya kuilaumu tovuti.

---

MhaririWaKanda | Alhamisi, saa 12:50 asubuhi

Wanajukwaa, nimekesha lakini nina habari njema. Saa sita usiku niliwasha rauta kwanza, nikasubiri bando lishike, ndipo nikachukua kiungo kipya cha kipande cha tatu. Niliibadilisha anwani kwenye sifa za pakuzi nikaweka mkondo mmoja. Kilianza kwenye 61 kikaenda hadi mwisho. Kilikatika mara moja saa saba kasoro, nikarudi kuchukua kiungo kingine, kikaendelea. Nimemaliza cha tatu, cha nne na cha tano.

Tatizo langu sasa ni hesabu. Kasi yangu ya usiku ni kama megabiti 4 kwa sekunde, kipande kimoja kinakula zaidi ya saa moja, na baada ya kila kipande tovuti inanisubirisha kabla ya kunipa kingine. Vimebaki tisa na bando la usiku linaisha saa kumi na mbili. Siwezi kufikia Jumapili.

Pia nina wasiwasi kuhusu kipande cha tano. Kimeonyesha ukubwa kamili wa baiti 2,000,000,000 tangu dakika ya kwanza, kabla hata hakijafika asilimia kumi. Nitajuaje kama ni kizima?

---

NyandaZaJuu | Alhamisi, saa 2:05 asubuhi

Kaka, hongera. Ukubwa usikudanganye: programu nyingi huitenga nafasi yote kwenye diski kabla ya kuanza, halafu huijaza. Ndiyo maana faili linaweza kuwa na ukubwa kamili na ndani likawa na mashimo. Kwa sababu hiyohiyo, usihamishe wala kubadilisha jina la faili dogo la kumbukumbu ambalo programu huliweka kando ya pakuzi lisilokamilika, kwani humo ndimo imeandika sehemu zipi zimejaa.

Kwa uhakika, mwombe mwenzako wa Dodoma aandike kwenye dirisha la amri, akiwa kwenye folda ya vipande:

certutil -hashfile jina_la_kipande SHA256

Atapata mstari mmoja wenye herufi na tarakimu 64, ambao ni kama alama ya kidole ya faili. Nawe fanya hivyohivyo kwenye nakala yako. Mistari ikilingana, kipande ni kizima. Ikitofautiana hata kwa herufi moja, ni hicho kimoja tu utakachopakua upya, si vyote 14. Akikutumia mistari hiyo yote kwa ujumbe wa simu haitamgharimu kitu.

Kuhusu hesabu, umeipiga sawasawa. Gigabaiti 28 kwa megabiti 4 ni saa 15 na nusu za kushuka mfululizo bila kusubirishwa. Lakini unahitaji vyote kwa Jumapili? Muulize mwenzako swali moja: alipotengeneza RAR, aliweka alama kwenye chaguo la kuyashikamanisha mafaili yote yawe mkupuo mmoja? WinRAR kwa kawaida hailiweki chaguo hilo kwa RAR. Kama hakuliweka, kila video ndani ya RAR inajitegemea, na unaweza kuitoa video moja ukianzia kipande ambamo inaanza, bila kuwa na vilivyotangulia. Yeye anavyo vipande vyote. Afungue kimoja kimoja kwa WinRAR aangalie video ya hotuba inaanzia kipande cha ngapi na kuishia cha ngapi.

---

BiSeva | Alhamisi, saa 2:40 asubuhi

Naunga mkono kabisa, na nashukuru kwa kulikumbuka hilo. Kwa vipande vitakavyobaki baada ya Jumapili, nina ushauri wa kuachana na tovuti hiyo kwa kazi kati yenu wawili. Mahali pa bure kama Google Drive hapatatosha, kwa kuwa gigabaiti 15 za bure hugawanwa na barua pepe na picha. Wekeni programu ya Syncthing kwenye kompyuta zenu zote mbili. Hupeleka mafaili moja kwa moja kutoka kompyuta hadi kompyuta, huyakata katika vitalu vidogo, na kila kitalu hukaguliwa kwa SHA-256 kinapofika, kwa hiyo kukatika kwa laini kunapoteza kitalu kimoja tu. Hakuna kiungo cha kuisha muda, na hata mkiwa wote nyuma ya anwani za kushirikiana za kampuni za simu, ina seva za kupokezana zitakazowaunganisha, ingawa kwa kasi ndogo. Sharti lake ni kwamba kompyuta zote mbili ziwe zimewashwa kwa wakati mmoja. Na kama wote mtaona ni mzigo, diski ya nje ikipewa wakala wa basi Dodoma itakufikia haraka kuliko saa zako za bando la usiku.

---

MhaririWaKanda | Jumamosi, saa 4:15 asubuhi

Mwenzangu aliangalia: hakuyashikamanisha mafaili. Hotuba ya babu inaanza mwishoni mwa kipande cha tisa na kuishia ndani ya cha kumi. Nilivipakua hivyo viwili usiku wa kuamkia Ijumaa, mkondo mmoja, kiungo kipya kila kilipokatika. Mistari ya SHA256 ya cha tisa ililingana. Ya cha kumi haikulingana. Nilikuwa nimekiendeleza kwa kiungo cha zamani mara moja kwa haraka, na sina shaka hapo ndipo palipoharibika. Nimekirudia chote usiku wa jana na sasa kinalingana.

WinRAR iliitoa video hiyo bila malalamiko. Dakika 11 na sekunde 40, sauti safi. Nimeiweka kwenye flashi, na mjukuu wake anakuja kuichukua saa nane mchana. Vipande vilivyobaki mwenzangu ameviweka kwenye diski, na ameikabidhi kwa wakala wa basi leo alfajiri.